Pazia la Lubilanji

Asubuhi ile Mukalay alikuwa anachuja maji ya kisima kwa kipande cha shuka kabla ya kuchanganya dawa ya kusafishia filamu. Mabomba ya mtaa yalikauka tangu Kampuni ya mgodi ilipoanza kufa, na maji ya kisima cha jirani yalikuja na udongo mwekundu. Udongo ule ukikaukia kwenye filamu huacha madoa kwenye nyuso za watu, kama wameugua ndui. Alichuja, akatazama ndani ya ndoo, akachuja tena.

Mlangoni pa studio watu walikuwa wamekwisha kupanga mstari. Zamani mstari wa Jumamosi ulikuwa wa mabibi harusi, watoto wa komunyo ya kwanza, na wafanyakazi wa mgodi waliotoka kupokea mshahara, wamevaa saa mpya na kunyoosha mkono ili saa ionekane. Sasa mshahara hakuna, na saa zimeuzwa kununulia unga. Watu wa leo walikuja na mabegi, masufuria na magodoro. Walitaka kitu kimoja tu: Mukalay atoke nao mpaka kwenye nyumba waliyofukuzwa, wasimame mbele ya mlango, apige picha, kisha waende stesheni ya Kolwezi kungoja treni ya Kasai.

"Karatasi imeisha," aliwaambia. "Hata Lubumbashi haiko. Nitafoto, lakini foto yenyewe hamutaiona."

"Piga tu, tata," alisema mwanamume mmoja aliyebeba cherehani kichwani. "Chunga negatifu. Ule anabaki, njo anachunga."

Anayebaki ndiye anayetunza: ndivyo ilivyokuwa tangu studio ifunguliwe. Mtu aliyehamishiwa Likasi, au aliyerudi kijijini baada ya pensheni, alichukua picha yake na kuacha negatifu kwa Mukalay. Nyumba inaweza kuungua, mchwa wanaweza kula albamu. Negatifu yako ikiwa kwa Mukalay, uso wako upo. Watu waliandika kutoka Kananga wakiomba picha ya baba aliyekufa. Mukalay aliitafuta, akaichapa, akaituma. Masanduku ya mbao yaliyowahi kubeba baruti za mgodi sasa yalijaa negatifu, yamepangwa mpaka karibu na dari.

Hizo zilikuwa picha za kulipwa. Zake mwenyewe zilikaa kwenye sanduku la bati. Tangu ujana wake, kila mwaka mvua ya kwanza iliponyesha, alikwenda kusimama mahali pamoja, kwenye kona ya barabara ya kambi ya wafanyakazi, akapiga milango ileile. Mhandisi mmoja Mzungu alipokuwa anaondoka alimwachia kamera ndogo ya sinema, naye akaanza kuipiga milango ile kwa sinema: milango ikifunguka, wanaume wakitoka kwenda zamu, watoto wakiongezeka kimo mwaka hata mwaka. Jumapili alitundika shuka uani akawaonyesha watu mtaa wao. "Angalieni tumbo ya Mulumba!" walipiga kelele. "Ule muti balikata lini? Mama, ona vile ulikuwa mwembamba!" Adolphine, mkewe, alizoea kusema kwamba Kolwezi nzima hakuna mwanamume mwingine anayenunua filamu ili kupiga milango ya watu.

Alitoka na wale watu wa mstari. Mlango wa kwanza ulikuwa umekwisha kupata mwenyewe mpya. Mwanamke alichungulia dirishani, akaona kamera, akafunga dirisha. Mukalay akapiga hivyo hivyo. Akapiga na wa pili. Kabla hajafika wa tatu, alikutana na Stany barabarani.

Stany alikuwa dereva wa malori makubwa ya mgodi mpaka malori yalipokosa magurudumu. Siku hizi alikuwa mkuu wa komiti ya mtaa, ile iliyopita nyumba kwa nyumba kuwaambia watu wenye asili ya Kasai waondoke, hata wale waliozaliwa hapa, ambao Kasai waliijua kwa masimulizi ya babu zao tu. Alivaa koti la mvua la Kampuni. Nyuma yake walikuwapo vijana wenye fimbo na matawi ya miti, kama wanatoka kwenye mpira.

"Tata Mukalay. Weye bado unafoto bilulu?"

Bilulu ni wadudu. Ndilo jina walilopewa watu wa Kasai mwaka ule, na hata watoto walilijua.

"Nafoto bantu," Mukalay alisema.

Wale wa mstari walikuwa wamekwisha kuanza kutembea upesi kuelekea stesheni. Mwenye cherehani hakugeuka.

"Kuya tuingie ku studio," alisema Stany. "Niko na maneno."

Studio ilikuwa chumba cha mbele cha nyumba ya Mukalay. Ukutani ulining'inia mwanzi wa kutundikia mapazia, na juu yake sasa lilibaki pazia moja tu. Zamani yalikuwa mawili. Yote yalichorwa na Badibanga, mchora mabango wa Kampuni, ambaye alikwisha kufa. La kwanza lilionyesha maporomoko ya Nzilo, Lualaba ikimwagika kati ya mawe. La pili lilionyesha Lubilanji, mto wa Kasai, mpana, wa kijani, na mchikichi mmoja ukingoni. Badibanga alitoka kule akiwa mtoto wa kubebwa mgongoni. Mto aliuchora jinsi mama yake alivyomsimulia.

Kwa hiyo mteja alipoingia, Mukalay alimuuliza swali moja tu: "Nzilo ao Lubilanji?" Hakuwaza zaidi ya hapo. Watu wa Katanga walisimama mbele ya Nzilo. Wenye asili ya Kasai walisimama mbele ya Lubilanji, wakanyoosha shingo, wakatulia usoni kama waliofika kwao. Lilikuwa jambo la furaha, tena lilivuta wateja. Fujo zilipoanza, Mukalay aliliteremsha pazia la Lubilanji na kulikunja chini ya godoro. Alidhani hiyo inatosha.

Stany alisimama mbele ya Nzilo, mikono mfukoni.

"Majina inatusumbua," alisema. "Ngoy iko kwao, Ngoy iko kwetu. Mulumba iko kwao, iko kwetu. Mutu anahama mtaa, anasema mi ni Muluba ya Kabongo, ya hapa Katanga, utamujibu nini? Basi juzi niko naangalia foto ya harusi ya dada yangu. Nyuma yake, Nzilo. Nikasema, tiens! Kumbe rido ya Mukalay haidanganye."

Akaligusa pazia la Nzilo kwa kidole.

"Muchana, kisha mukutano, tutakuya. Utatutolea masanduku yote, tuangalie moja moja. Ule iko mbele ya Lubilanji na angali anatembea Kolwezi, tutamujua."

"Stany. Bengine balisimama pale juu ya rangi tu. Ya kijani ilikuwa inabapendeza."

"Basi bataeleza." Stany alimpigapiga begani, kwa upole, kama mtu anayemtuliza mgonjwa. "Mi sina kintu na weye, tata. Weye ni wa Lubudi, weye ni wetu. Mama yangu mwenyewe ulimufoto hapa. Toa tu masanduku, kisha unaendelea na kazi yako."

Walipoondoka Mukalay alikaa kwenye kiti cha wateja. Aliwaza mtu mmoja kabla ya wengine wote: Bilonda, binti wa Badibanga. Bilonda alikulia ndani ya studio hii, akikata kingo za picha kwa mkasi wa mawimbi. Komiti ilipoanza kupita kambini, alimbeba mama yake, Mianda, ambaye miguu yake ilivimba na haikuweza tena kumchukua, akahamia upande wa pili wa mji, kwenye chumba cha kupanga nyuma ya soko. Huko hakuna aliyewajua. Alisema ni watu wa Kabongo. Jina Bilonda liko kwao na liko kwetu, wakamwamini. Asingeweza kumpeleka mama yake stesheni. Stesheni watu walilala kwenye kokoto, mvua ikiwanyeshea majuma kwa majuma, wakingoja treni ambayo hakuna aliyejua itakuja lini. Mianda asingeweza kupona pale.

Na ndani ya mojawapo ya masanduku haya walikuwamo wote watatu, Badibanga, Mianda na mtoto wao, wamesimama mbele ya Lubilanji siku ileile rangi ilipokauka. Ilikuwa picha ya kwanza kabisa kupigwa mbele ya pazia lile.

Adolphine alikuwa amesikia yote kutoka jikoni. Alikuja akijifuta mikono.

"Toa ile moja tu," alisema. "Ya Bilonda. Ingine uwaachie."

Mukalay aliitafuta, akaipata, akaishika mbele ya dirisha. Nyuso zilikuwa za kijivu, nywele nyeupe, meno meusi. Mto ulikuwa unang'aa. Akaiweka mfukoni mwa shati. Halafu akainua ukanda uliofuata: Lubilanji. Mwalimu wa shule ya msingi na mkewe. Yuko wapi? Ukanda mwingine: fundi wa reli, amempakata mtoto. Mwingine. Mwingine.

"Bape foto ya bale banaisha kwenda Kasai," Adolphine alisema.

"Nani anaisha kwenda? Weye unajua?"

Adolphine hakujua nani amekwisha kuondoka. Hakuna aliyejua. Watu walikuwa kwa mashemeji zao, mashambani, kule Tenke, hata kule Lubudi kwa ndugu wa Mukalay mwenyewe. Wengine walikuwa mtaa wa pili, wamebadili kanisa na kufunga mdomo.

"Ficha ku plafo." Adolphine alitazama dari.

"Batapasua plafo."

"Choma, basi!"

"Filamu ikiungua mtaa muzima utasikia harufu. Bataingia kabla haijaisha."

Adolphine akageukia mlango. Tangu mshahara wa mji ukatike alikuwa akiuza maji ya Javel sokoni, dawa kali ya kung'arishia nguo, akiwapimia watu kwa vichupa, na dumu lake lilikuwa pale pale nyuma ya mlango. Wote wawili waliliangalia. Mukalay alikuwa amewahi kukosea beseni, zamani, akasuuza filamu ya ubatizo kwenye maji yaliyobaki na Javel. Ilibaki plastiki tupu. Alimrudishia mteja pesa na kumwomba radhi mbele ya padri.

"Mukalay," Adolphine alisema. "Hiyo ni maisha yako yote."

"Leta karai kubwa."

Walifanya kazi uani, nyuma ya nyumba. Alitumbukiza kanda kwa mafungu. Mwanzoni hakikutokea kitu, kisha picha ziliteleza kutoka kwenye plastiki kama ganda la maharage yaliyochemka, zikaelea kidogo, zikayeyuka. Maji yakawa ya kijivu. Mikono ya Adolphine iliwasha, akaendelea. Walianza kwa kuchagua za Lubilanji, lakini kuchagua kulichukua muda, na jua lilikuwa limekwisha kupanda juu ya paa. Basi wakamwaga yote, Nzilo na Lubilanji, harusi na vilio, mpaka mbao za chini za masanduku zikaonekana.

Lilibaki la bati.

"Hizi ni milango tu," Adolphine alisema. "Hakuna rido."

"Milango inafunguka," alisema Mukalay. "Mutu anatoka."

Akaufungua mkanda wa kwanza wa sinema na kuuvuta kwa vidole, mita kwa mita, ndani ya karai. Hakuinua hata kipande kimoja kukiangalia. Kama angeangalia asingeweza.

Ya mwisho ilikuwa ile ya mfukoni mwa shati. Alifikiri kuiweka ndani ya kiatu. Alifikiri kumpa Adolphine aifunge kwenye kitenge. Lakini wakiwapekua na kuikuta hiyo peke yake, itakuwa sawa na kumnyooshea Bilonda kidole. Akaiweka kwenye maji kwa ncha za vidole. Mtoto ndiye aliyeondoka kwanza. Kisha Badibanga. Mianda alikawia kidogo, akaenda naye.

Stany alifika na watu wake chakula cha mchana kikiwa hakijapikwa. Waliyakuta masanduku matupu mlangoni. Uani walikuta kanda zimetandazwa kwenye kamba ya nguo, safi, za kung'aa, upepo ukizitikisa. Stany alichukua moja, akaishika mbele ya jua. Akachukua nyingine. Kilichoonekana kilikuwa mawingu.

"Iko nini hii?"

"Niliosha," Mukalay alisema. "Maji ya kisima haiko muzuri."

Mmoja wa vijana alicheka, akaona uso wa bosi wake, akaacha.

"Zote?"

"Zote."

Stany alikuwa bado ameshika ule ukanda. Akauliza kwa sauti ya chini, sauti ambayo si ya komiti:

"Ya mama yangu pia?"

Mama yake Stany alikuwa amekufa miaka miwili iliyopita, hospitali ikiwa haina dawa. Mukalay alimkumbuka vizuri: aliomba apigwe akiwa ameketi, kwa sababu ya mgongo.

"Na ya mama yako," alisema. "Haikuwa na namna ya kuchagua."

Stany alimpiga. Hakutumia fimbo, alitumia mkono, mara nyingi, kama mtu anayepiga mlango uliofungwa. Adolphine alipiga kelele akajitupa kati, akasukumwa kwenye karai. Halafu waliingia ndani. Walichukua kamera mbili, ile ya picha na ile ya sinema, pamoja na taa na kiti cha wateja. Waliondoa Nzilo ukutani. Godoro hawakuligusa, lilikuwa la zamani mno, hakuna aliyelitaka.

"Kwa jina la komiti," Stany alisema mlangoni, akihema. Hakumwangalia Mukalay. "Mujinga weye. Tulikuwa tunakutafutia amani."

Mukalay alinawa damu puani. Jicho moja lilikuwa linafunga. Alikuwa na haraka ya ajabu, karibu furaha.

"Naenda kumuambia Bilonda," alisema. "Ajue hakuna tena kintu."

"Tunaenda," Adolphine alisema, akavaa kandambili.

Nyumba ya nyuma ya soko ilikuwa ya Zena, mwanamke wa Kiislamu ambaye wazazi wake walitoka Kasongo kufanya biashara ya nguo. Walimkuta anafagia chumba cha wapangaji, na mlango uko wazi. Alipowaona alisimamisha ufagio.

"Banabakamata jana magaribi," alisema, kabla hawajauliza.

"Nani alisema?"

"Hakuna mwenye alisema. Ule mama alikuwa na homa. Akaanza kusali kwa sauti, kwa kikwao. Ukuta ni wa tofali moja, tata. Jirani alisikia, na jirani alikuwa anataka hiki chumba juu ya mutoto yake anaoa." Zena alifuta macho kwa ncha ya mtandio. "Nilibaambia, mungoje akipona. Balinijibu: na weye Mama Zena, kwenu ni wapi? Nikanyamaza. Mi nilinyamaza, unasikia? Balimubeba ku chariot ya kusukuma, kama mufuko ya makaa."

Jana magaribi. Mukalay alirudia maneno hayo moyoni mara kadhaa. Jana magaribi masanduku yote yalikuwa yamejaa. Leo asubuhi, alipokuwa anachuja maji, Bilonda alikuwa amekwisha kulala stesheni.

Adolphine alimshika mkono. "Turudi nyumbani kwanza," alisema. "Mvua inakuya. Bantu baliniambia ku stesheni hakuna hata bâche ya kufunika mvua. Ile rido chini ya godoro, si ni nzito?"

Walilibeba pazia begani wakiwa wawili, limekunjwa kama mtu aliyelala, wakapita nalo katikati ya mji. 

Stesheni walikuta watu wamejaa toka kwenye ghala la mizigo mpaka mbali kwenye reli zilizoota majani. Kila familia ilijizungushia ukuta wa vitu vyake: kabati, cherehani, milango ya mbao iliyong'olewa nyumbani ili mwenyewe mpya asiipate. Moshi wa mabua ulitambaa chini. Mahali pamoja, juu ya sanduku la nguo, iliwekwa picha ya mzee kwenye fremu iliyopasuka kioo, mshumaa mbele yake, na wanawake wameketi chini kuizunguka. Kilio. Kolwezi hakuna kilio bila picha ya marehemu. Ndiyo watu wanayoisalimia wakifika. Mukalay aliitambua kazi yake. Nyuma ya mzee ulikuwapo Lubilanji.

Bilonda walimkuta pembeni mwa ghala. Alikuwa ameketi na miguu imenyooshwa, na karibu naye kulikuwa na kitu kilichofunikwa kitenge toka juu mpaka chini. Alipomwona Mukalay alitazama jicho lake lililovimba, kisha akainuka kidogo, akatabasamu kwa adabu, kama wakati ule akiwa binti wa studio.

"Tata Mukalay. Mungu anakuleta."

Adolphine alikuwa amekwisha kupiga magoti na kuanza kulia kwa sauti.

"Alikwenda asubuhi," Bilonda alisema. "Mvua ya usiku. Alikuwa ananiuliza kama tunaisha kufika kwetu Kasai. Nikamuambia ndiyo, mama, tunaisha kufika." Akanyoosha ncha ya kitenge. "Bantu ba parokia batakuya kesho kumuzika. Bengine hapa bananiuliza foto iko wapi, basalimie. Ya kwangu ilibaki ku ukuta kwa Mama Zena, bananikatalia kuingia kuitoa. Na ule alitutoa mule alivunja fremu na kupasua foto." Akamshika Mukalay kwenye mkono wa shati. "Lakini weye uko na negatifu. Ile yetu batatu, na papa. Hata kama hauna karatasi. Nipe ile negatifu tu, nitaiweka hapo, nitaweka mushumaa nyuma. Itaonekana."

Mukalay aligusa mfuko mtupu wa shati.

"Niliosha," alisema. "Leo. Na Javel. Banataka kuangalia nani alisimama ku Lubilanji. Niliosha yote."

Bilonda alimwangalia bila kuelewa, kisha akaelewa. Alijua Javel inafanya nini. Alikuwepo siku ya ile filamu ya ubatizo.

"Juu yangu? Sababu ni mi?"

"Juu yako. Na bengine."

"Leo?"

"Leo."

Alimwachia mkono wa shati.

"Shiye wote tulikuwa tunasema, twende tu, tata Mukalay anabaki," alisema. "Weye njo ulikuwa unatuchunga."

Matone ya kwanza yalianguka, makubwa, ya uvuguvugu. Watu walianza kuvuta magodoro kuyaingiza chini ya makabati. Mukalay alilikunjua pazia. Adolphine aliinuka akashika kona ya pili. Wakafunga kona mbili kwenye nondo za ghala, na mbili wakazishika wenyewe kwa kamba, upande uliochorwa ukitazama chini. Bilonda aliinua uso akauona mto wa baba yake, wa kijani, na mchikichi mmoja, umetandazwa juu ya kitenge cha mama yake.

Maji hayakupita. Badibanga alikuwa amelichora kwa rangi ya mafuta aliyoichomoa kwenye karakana ya Kampuni, rangi ya kupakia mabehewa, akaipaka mara tatu. Wanawake wa karibu walipoona pakavu walisogea, mmoja mmoja, na watoto wao, wakaketi kumzunguka Mianda. Bibi mmoja aliangalia juu. "Huku njo Lubilanji?" aliuliza. "Mi sikuyake kuiona." Hakuna aliyemjibu, kwa sababu hakuna aliyewahi kuiona. Akaanza wimbo wa kilio na wengine wakaupokea. Picha haikuwapo, kwa hiyo walisalimia pazia.

Askari wa reli alikuja akikimbia mvua, ameshika kofia. Alisimama mbele ya Mukalay, akamwangalia kwa makini.

"Weye nakujua. Mupiga foto. Kwenu si Lubudi?"

"Ndiyo, Lubudi."

"Basi tokeni, weye na mama. Tulipata habari, treni imetoka Tenke. Tunafunga uwanja. Tukifunga hatufungue tena, kila mutu iko ndani anapakiwa ku treni ya Kasai, hatuulize jina."

Mukalay aliangalia chini ya pazia. Akiachia kamba, upande ule utaanguka, na maji yote yaliyojikusanya tumboni mwa mto yatammwagikia Mianda.

"Kilio ni yangu," alisema.

"Kilio yako namna gani? Huyu ni ndugu yako?"

"Mi njo nilikuwa nabachunga."

Askari alimgeukia Adolphine. Adolphine alizungusha kamba kwenye kiganja chake chenye malengelenge ya Javel, akavuta, pazia likanyooka.

"Nitafunga, mi nakuambia."

"Funga," Mukalay alisema.